Uyoga wa masikio: maswali na majibu kwa walaji wa Tabora na Kigoma

Yale masikio ya kahawia yanayoota kwenye kisiki cha mwembe ni uyoga kweli?

Ndiyo. Ni kuvu wa jenasi Auricularia, jina lililotokana na neno la Kilatini lenye maana ya sikio. Unachokiona ni tunda tu. Mwili wenyewe ni nyuzi nyembamba zilizojipenyeza ndani ya gogo, zinaozesha mti uliokufa na kujilisha humo. Nyama yake ni utelezi mgumu unaohifadhi maji mengi. Kiangazi kikiingia husinyaa, hukakamaa kama kipande cha ngozi, watu wakadhani umekufa. Mvua ikirudi hunywa maji, hufumuka na kuendelea kumwaga mbegu zake, yaani spora.

Nitautambuaje?

Ung'oe mmoja uuvute. Wenyewe huvutika kidogo kama gegedu la sikio lako. Mgongoni una vinyweleo vifupi kama mahameli, ndani ni laini na unang'aa. Hauna mwavuli wala vile vikunjo vyembamba vya chini ya mwavuli. Ukivunjika kama biskuti, au umeota kwenye udongo, achana nao. Usichume kwenye nguzo au mataruma ya mbao yaliyopakwa dawa, wala kwenye magogo yaliyo kando ya shamba la tumbaku linalopuliziwa dawa, kwa sababu uyoga hufyonza kilichomo kwenye kinachoulisha. Kama hujawahi kuuchuma, nenda kwanza na mtu anayeujua.

Wauzaji wanasema unaongeza damu. Kweli?

Hapa chumvi ni nyingi kuliko uyoga. Gramu 100 za uyoga mkavu zina takriban miligramu 6 za madini ya chuma, lakini nani anakula gramu 100? Mlo wa mtu mmoja ni kama gramu 5, na humo chuma ni miligramu 0.3 tu. Mjamzito anashauriwa na Shirika la Afya Duniani kupata miligramu 30 hadi 60 kwa siku kwenye vidonge. Kwa hiyo mama, vidonge vya kliniki usiviache.

Sifa yake ya kweli ni nyuzinyuzi: kwenye gramu 100 kavu ni kama gramu 70, mafuta hayafiki gramu 1, na protini ni karibu 9. Unasaidia choo kuwa laini na unashibisha bila kunenepesha. Protini yake haitoshi kuchukua nafasi ya maharage au dagaa, basi vipike pamoja.

Unapikwaje?

Kwa watu wanne, gramu 20 kavu zinatosha. Zikinywa maji huvimba mara kadhaa. Loweka kwenye maji ya vuguvugu dakika 30, au ya baridi saa moja hadi mbili. Kata kile kitako kigumu kilichoshika gamba la mti, kwani hicho hakiivi. Osha maji mawili au matatu, mchanga hujificha kwenye mikunjo. Chemsha dakika 10, mwaga maji, kamua, kata vipande virefu.

Kaanga kitunguu kwenye vijiko vitatu vya mawese, weka nyanya mbili, zikishaiva ndipo utie uyoga. Ukiutumbukiza kwenye mafuta makavu yenye moto mkali, maji yaliyomo hugeuka mvuke na vipande hulipuka, mafuta yakakurukia usoni. Malizia na nusu kikombe cha karanga zilizosagwa na maji kidogo, moto mdogo, dakika 10. Hauna ladha yake. Raha yake ni ule mkwaruzo menoni.

Nikiuloweka usiku kucha ili uwahi kuiva?

Usifanye hivyo. Ukikaa majini muda mrefu kwenye joto, bakteria Burkholderia gladioli anaweza kuzaliana na kutoa sumu iitwayo asidi ya bongkreki. Haina harufu wala ladha, na kuchemsha hakuiondoi. Huzuia chembe za mwili kutengeneza nguvu, hivyo ini, figo na ubongo huumia. Huko China sumu hiyo imeua watu waliokula uyoga wa aina hii uliolowekwa mno. Ni sumu ileile iliyoua watu 75 Chitima, Msumbiji, Januari 2015, ila huko ilikuwa kwenye pombe ya unga wa mahindi.

Ukisahau uyoga kwenye bakuli tangu jana, mwaga. Akitapika mtu, akapata kizunguzungu au kusinzia baada ya kuula, mpeleke hospitali mara moja na mabaki ya chakula. Hakuna dawa ya kuiondoa sumu hiyo. Kuwahi ndiko kunakosaidia.

Nani ajihadhari?

Anayetumia dawa za kuzuia damu kuganda, kama warfarini au aspirini, na anayesubiri upasuaji. Mwaka 1980 daktari wa Marekani, Dale Hammerschmidt, alieleza jinsi uyoga huu unavyopunguza uwezo wa chembe sahani, yaani chembe ndogo za damu zinazosaidia damu kuganda, kushikamana. Mweleze daktari wako kama unaula mara kwa mara. Na usiule mbichi, hata kwenye kachumbari.

Nihifadhije wa msimu?

Futa uchafu bila kuosha, tandaza kwenye chekeche au mkeka ulioinuliwa juu ya vumbi, siku mbili hadi tatu za jua kali, na uuingize ndani kabla ya umande. Umekauka ukikatika kwa mlio. Ukijikunja tu, bado. Tia kwenye kopo lenye mfuniko unaobana. Ukiona ukungu au ukasikia harufu ya uvundo, tupa wote, usichague.