Mji wa Chambo katika Michezo ya Vita ya Simu

Mji wa chambo ni mji unaoachwa kwa makusudi uonekane dhaifu na wenye mali, ili adui aupige kwa hesabu moja na akutane na hesabu nyengine. Mbinu hii ni ya michezo ya mkakati ya simu ambamo kila mchezaji ana mji wake juu ya ramani moja kubwa, anafunza askari, anajiunga na chama, na anaweza kupigwa saa yoyote hata akiwa amelala. Lords Mobile ya 2016 na Rise of Kingdoms ya 2018 ndiyo mifano inayojulikana zaidi, na nyingi zilizofuata zimejengwa juu ya misingi hiyohiyo.

Chambo kipo cha namna mbili, na wengi huvichanganya. Cha kwanza ni cha kunasa: adui aje, apigane, apoteze jeshi. Cha pili ni cha kupoteza shabaha: adui amalize muda na nguvu zake kwenye mji usio na maana huku miji yenye maana ikiachwa. Cha pili kilitumika hata katika vita vya kweli. Baada ya mji wa Coventry kuchomwa kwa mabomu mwezi wa Novemba 1940, Uingereza iliweka mashambani moto wa bandia uliowashwa kwa mpango, ili marubani wa Ujerumani wadhani ndio mji uliokwisha kupigwa na waangushe mabomu yao porini. Hakuna rubani aliyeangushwa na moto ule. Kazi yake ilikuwa kupokea mabomu tu. Katika mchezo, kazi hiyo hufanywa na akaunti ndogo iliyowekwa pembeni ya eneo la chama, haina jeshi, ina chakula na mbao za kutamanisha. Haihitaji ufundi mkubwa, kwa hiyo kuanzia hapa tunazungumzia cha kunasa.

Wavuvi wa Unguja na Pemba wanaijua kanuni yake kwa dema, mtego wa samaki wa kusukwa. Samaki haingii kwa kusukumwa. Anaingia kwa sababu anachokiona ndani kinamvutia na mdomo wa dema unampa njia. Mchezaji anayekushambulia naye hupewa vitu vya kuona, na kazi yako ni kuvichagua.

Kwenye ramani, bila kutumia kitu, anaona levo ya ngome yako, jina la chama, kama una ngao (kinga ya muda inayozuia mji kupigwa) au huna, na namba ya nguvu. Akituma mpelelezi anapata zaidi: rasilimali zilizo wazi, aina na idadi ya askari, ukuta, na mara nyengine msaada uliomo ndani. Kiasi anachosomewa hutegemea levo ya jengo lake la upelelezi. Baadhi ya michezo huuza kitu cha kuzuia upelelezi, na wachezaji wapya hukimbilia kukitumia kwenye chambo. Ni kosa. Mji unaokataa kusomwa humwambia mshambuliaji mwenye uzoefu kwamba kuna kitu kimefichwa. Chambo kizuri husomeka vizuri kabisa.

Namba ya nguvu ndiyo inayodanganya zaidi, kwa sababu inajumlisha kila kitu: majengo, utafiti, askari, mpaka mashamba. Mji wenye majengo yote ya uchumi kwenye levo ya juu una namba kubwa na haujui kupigana. Mwenye mji wa chambo hufanya kinyume. Anaacha majengo yasiyohusika na vita yabaki chini kadiri mchezo unavyoruhusu, anaacha matawi ya uchumi kwenye utafiti, na anatia kila kitu kwenye tawi la vita, zana za jemadari na ulinzi wa ukuta. Namba inabaki ndogo, makali yanakuwa makubwa. Katika mingi ya michezo hii, na hasa ile ya aina ya Lords Mobile, askari wa chama wanaoingia kukusaidia hupigana kwa bonasi, yaani nyongeza za nguvu, za mwenye mji. Ndiyo maana chama hakichagui mji wa chambo kwa kuangalia nani ana askari wengi. Kinachagua mwenye bonasi bora, kisha wenzake wanamletea askari.

Baada ya namba huja mali. Ghala hulinda kiasi fulani cha kila rasilimali, na kinachoweza kuporwa ni kile kilichozidi tu. Rasilimali zilizo kwenye mkoba, ambazo hujazifungua, haziguswi. Kwa hiyo fungua kiasi kidogo juu ya ulinzi wa ghala, kinachotosha kumfanya mtu atie jeshi njiani, na uwe tayari kukipoteza chote. Ukifungua mali nyingi mno unaharibu mara mbili: ukishindwa umepoteza kweli, na hata kabla ya hapo unaleta mashaka. Mji mdogo uliojaa dhahabu bila ngao haupo kwa bahati mbaya, na wanaopiga kila siku wanalijua hilo.

Sasa tufike penye utamu wenyewe. Aina za askari zinapigana kwa mzunguko: askari wa miguu huwashinda wapanda farasi, wapanda farasi huwashinda wapiga mishale, wapiga mishale huwashinda askari wa miguu. Wengi wanalijua hili na hulitumia kujibu tu: akija na farasi, mimi natia miguu. Lakini mshambuliaji huchagua jeshi lake kwa ripoti aliyoisoma, na ripoti ni yako wewe kuipanga. Ukiacha mjini wapiga mishale watupu, mtu mwenye akili atakuja na farasi. Tayari umekwisha kumchagulia jeshi. Wenzako wa chama waandae askari wa miguu, tena wa daraja la juu, na wawe nje mpaka dakika ya mwisho. Anapofika, ukuta aliousoma una mishale na ukuta anaoupiga una miguu. Tofauti hiyo peke yake inaweza kugeuza vita vya majeshi yanayolingana, hata kabla ya bonasi kuhesabiwa.

Jemadari wa ulinzi naye abadilishwe kwa wakati huohuo. Ukimweka mapema jemadari wa askari wa miguu juu ya ukuta wenye wapiga mishale, msomaji makini wa ripoti ataona kwamba hawalingani, ataelewa, na atarudi zake.

Wakati ndipo mitego mingi inapofia. Chukua shambulio la pamoja lililowekewa dakika 5 za kukusanyana, kisha safari ya dakika 1 na sekunde 30 mpaka kwako. Kiongozi wao atapeleleza mara ya kwanza kabla ya kuita watu, na akiwa mzuri atapeleleza tena muda mfupi kabla ya kuondoka. Msaada ukiwa umeshaingia, ataufuta mpango. Kwa hiyo wenzako wahamishe miji yao karibu nawe siku moja kabla, si saa ileile, na wakae umbali ambao askari wao wanafika kwa sekunde 20 hivi. Wasubiri mpaka jeshi la adui libakishe sekunde 30, ndipo watume. Msaada unaingia zikiwa zimebaki sekunde 10. Adui anayekodolea ramani ataiona mistari ya askari ikielekea kwako, lakini muda wa kuita watu kumi warudi utakuwa umeshampita.

Kwa nini zisiwe sekunde 3? Kwa sababu hesabu inayopigwa ni ya seva, na seva iko mbali. Amri unayotoa ukiwa Wete kwa bando la simu inasafiri, inasubiri, na pengine inarudiwa. Pima kwanza: toa amri yoyote ndogo, tazama inachukua muda gani mpaka ramani iitikie. Ikifika sekunde 3 au 4, basi ongeza muda wako wa akiba. Anayetumia intaneti ya nyumbani akumbuke kwamba umeme ukikatika kifaa cha intaneti kinazima nao, hivyo awe na bando kwenye simu na asiwe yeye pekee anayejua ishara ya kutuma. Chama chenye wachezaji wa Unguja na wa Pemba kina faida hapa, kwani si rahisi pande zote mbili zikose mtandao kwa pamoja.

Saa ya kutega nayo huchaguliwa. Michezo mingi huhesabu siku kwa saa ya dunia (UTC), na siku mpya ya mchezo inapoanza saa sita usiku kwa saa hiyo, kwetu ni saa tisa usiku. Wachezaji wa Uturuki, Saudia na Moscow wana saa sawa na yetu, wakilala, tunalala. Wa China wako mbele kwa saa tano, kwa hiyo saa mbili usiku kwao ni saa tisa alasiri Zanzibar, na huo ni wakati mzuri kwa chama chetu kwa vile watu wako macho. Wa Brazil ni mtihani: saa mbili usiku ya São Paulo ni saa nane usiku kwetu. Usitege kwa ajili yao ila mwezi wa Ramadhani, ambapo wengi wanakesha mpaka daku. Na usitege kabisa saa ambayo hutakuwa na simu mkononi. Mji usio na ngao wala mtu wa kuuangalia haumtegi yeyote.

Hospitali ndiyo inayoamua kama ulishinda au ulidhani umeshinda. Askari wanaoumia ukiwa unalinda mji huingia hospitali, na wakizidi vitanda hufa moja kwa moja. Askari wanaokwenda kupiga mji wa mtu, katika michezo mingi, hufa kwa wingi zaidi. Tofauti hii ndiyo inayoufanya mtego uwe na faida. Kanuni ya kutumia ni rahisi: askari wako mwenyewe waliomo mjini wasizidi vitanda vilivyo wazi. Una vitanda 100,000 na majeruhi wa jana 30,000 bado wamelala? Basi ndani wabaki 70,000 tu. Waliozidi wapeleke wakachimbe rasilimali mbali, au waingie kwenye mji wa mwenzako mwenye ngao. Kwa hesabu hii hata ukuta ukivunjika hupotezi askari bali gharama ya kuwatibu. Msaada wa wenzako kwa kawaida huhesabiwa kwenye hospitali zao wenyewe, nao wafuate kanuni ileile.

Lakini michezo haifanani katika jambo hili, na mingine huua sehemu ya askari hata vitanda vikiwa vitupu. Usiamini unachoambiwa barazani. Mwombe mtu wa chama kingine unayeelewana naye akupige kwa askari mia wa daraja la kwanza, usome ripoti mstari kwa mstari: wangapi wamekufa, wangapi majeruhi, na wa nani. Jaribio hilo halina gharama kubwa, na linakupa jibu la mchezo wako.

Mambo mengine yanayoharibu mtego ni madogo na yanajirudia. Ubalozi, yaani jengo linalopokea askari wa wenzako, una nafasi maalumu za msaada, na kila mara yuko ndugu mwenye moyo mzuri anayetuma askari 500 wa daraja la kwanza na kuziba nafasi iliyongojewa na askari wa juu. Mwenye mji awe na ruhusa ya kuwarudisha, na awarudishe bila kuona haya. Jasusi ndani ya chama ni tatizo kubwa zaidi: ukitangaza mpango kwenye gumzo la chama zima, adui anausoma na wewe. Wapangaji wasizidi watu watano au sita, nje ya mchezo, na wengine wapewe amri tu. Katika michezo yenye jela, kama Lords Mobile, jemadari wako mkuu akikamatwa bonasi zake zinaondoka naye; kama mpango umeharibika na msaada haujafika, mkimbize yeye na askari kwenye hifadhi, jengo la kuwaficha, kwanza, mali iende.

Halafu kuna mkataba wa kutoshambuliana. Vyama vingi vya ufalme mmoja hukubaliana wasipigane, na mji usio na ngao uliowekwa mpakani kumvuta mshirika ni khiana, hata kama kanuni za mchezo hazikatazi. Chambo ni cha adui aliyetangazwa. Na akaunti ya chambo ijengwe, isinunuliwe kwa mtu: masharti ya michezo mingi yanakataza kuuziana akaunti, na iliyonunuliwa inaweza kufungwa siku ya vita.

Mtego ukifanikiwa, una dakika chache. Adui aliyepoteza jeshi mbele ya chama chake hurudi, na mara hii hatarudi kwa hesabu ya ripoti. Tibu kwanza askari wa daraja la juu, kwani ndio ghali kufunza upya. Rudisha rasilimali chini ya kiwango cha ghala kwa kuzitumia kwenye matibabu hayohayo. Msaada ubaki ndani mpaka ngao iwake. Katika baadhi ya michezo ngao haikubali ikiwa umetoka kushambulia karibuni au jeshi lako liko njiani, kwa hiyo usishawishike kulikimbiza jeshi linalorudi likiwa limejeruhiwa. Ngao ya saa 8 inatosha ikiwa wenzako wako macho. Ya saa 24 ikiwa ni usiku. Kisha uhamishe mji. Mahali palepale, kwa jina lilelile, hapanasi tena adui yuleyule, na ripoti ya vita imeshasambazwa kwa marafiki zake wote.