Juanita Moore: mnayoyasikia na ukweli wenyewe

Kila jina la Juanita Moore, yule muigizaji mweusi wa Marekani, likitajwa nasikia vitu vilevile na vingi sio kweli, sasa leo naviandika maana huyu mama nampenda sana na inaniuma akisimuliwa nusunusu.

Eti ndo mtu mweusi wa kwanza kugombea Oscar. Hapana jamani. Hattie McDaniel alishaichukua kabisa kwa muvi ya 1939, wakafuata Ethel Waters, Dorothy Dandridge na Sidney Poitier, Juanita akawa wa tano. Na wanaosema alishinda nao wanakosea, Aprili 1960 tuzo ya muigizaji msaidizi wa kike ilienda kwa Shelley Winters.

Halafu kuna kumchanganya na Louise Beavers. Imitation of Life ziko mbili: ya 1934 ndo ya Beavers, ya 1959 ya dairekta Douglas Sirk ndo ya Juanita, na ndo iliyomfanya agombee hiyo Oscar. Humo anaitwa Annie, anaishi na kufanya kazi nyumbani kwa mwanamke mzungu anayechezwa na Lana Turner, na binti yake Sarah Jane ni mweupe kiasi kwamba anajipitisha kama mzungu na hataki kabisa mama yake aonekane. Wengi wanaamini Susan Kohner, yule aliyecheza binti, alikuwa na asili ya Kiafrika, kumbe mama yake ni Mmeksiko na baba yake Myahudi kutoka Ulaya. Mwenye asili hiyo kweli alikuwa Fredi Washington, wa ile ya 1934.

"Imitation of Life ilikuwa muvi yake ya kwanza." Wapi! Alizaliwa Greenwood, Mississippi mwaka 1914, akakulia Los Angeles, akacheza dansi Cotton Club, ile klabu maarufu ya burudani, na 1949 alishatokea kama nesi kwenye Pinky bila hata jina lake kuandikwa, ikaja Affair in Trinidad ya 1952, ikaja Women's Prison ya 1955. Imitation of Life ilipotoka alikuwa na miaka 44, yaani mtu alishasugua miaka kumi nzima kwenye vijisehemu vidogo.

Sasa hii ya kwamba alikuwa wa kucheza hausigeli tu. Hollywood ndo ilimpangia hizo, sikatai, ila jukwaani mwaka huohuo wa 1959 alicheza A Raisin in the Sun kule London, na 1965 akawa Broadway, yale majukwaa makubwa ya New York, kwenye The Amen Corner. Na hata huyo hausigeli, hebu mwangalieni vizuri. Annie anasafiri akiwa mgonjwa mpaka chumba alichopanga binti yake, anaomba amkumbatie mara moja tu, mara rafiki wa binti anaingia, anamwona mama mweusi, anadhani ni mhudumu mpya, anaanza kumlalamikia kuwa bafuni kwake kumejaa sisimizi. Annie hakasiriki, anamwambia alipita tu kumsalimia binti aliyewahi kumlea. Anamkana mwanawe kwa mdomo wake ili mwanawe abaki salama na ule uongo wake! Juanita hapazi sauti hata kidogo pale, anatabasamu kwa adabu huku macho yamejaa, na mimi nimeiona mara nyingi na bado kila mara naisimamisha kwanza nipumue.

Kosa kubwa kuliko yote ni kudhani baada ya kugombea Oscar milango ilifunguka. Mwaka 1967 aliliambia gazeti la Los Angeles Times kwamba alikuwa anapata kazi nyingi zaidi KABLA ya kuteuliwa, kwa sababu waliokuwa wanapanga waigizaji walimwona sasa ni mtu mkubwa, hawawezi kumwita kwa kazi ya siku moja au mbili, wakati yeye angeenda tu. Na hizo sehemu kubwa walizosema ndo zinamfaa, kwa mwanamke mweusi wa miaka ile nani alikuwa anaziandika? Akabaki katikati.

Hakuacha lakini. 1968 Uptight, 1974 Abby, na 2000 akiwa na miaka 85 yumo kwenye The Kid pamoja na Bruce Willis. Alifariki tarehe 1 Januari 2014, na miaka 99.