Jaji hakusajilii shule

Wiki hii mwenye shule mwingine amenipigia simu: “Wakili, ombi letu limelala ofisini. Twende kortini, jaji atupe usajili.” Jaji hatoi usajili wa shule. Nimechoka kuona watu wakiuza ng’ombe kulipia kesi wanayoitarajia imalize jambo isiloweza kulimaliza.

Ombi la usajili huamuliwa na Bodi ya Elimu ya Kaunti, chini ya Sheria ya Elimu ya Msingi ya Kenya ya 2013. Mahakama Kuu inaweza kutoa mandamus, yaani kuiamuru bodi iamue. Mahakama ya Rufaa iliuweka wazi mpaka huo mwaka 1997, katika kesi ya Baraza la Mitihani: sheria ikimwachia ofisa hiari ya namna ya kutekeleza wajibu, korti humwamuru autekeleze, haimchagulii namna.

Msidharau amri hiyo. Kifungu cha 47 cha Katiba kinakupa haki ya kuhudumiwa upesi, na ya kupewa sababu kwa maandishi. Bodi ikikataa kwa maandishi, angalau utajua kama kikwazo ni vyoo, hati ya ardhi au ripoti ya maofisa wanaokagua ubora wa shule. Ikinyamaza, huna hata cha kurekebisha.

Ila usije kwangu na faili pungufu! Wengi wanaolalamika wamecheleweshwa hawajapeleka ripoti ya afya ya umma, au mkataba wao wa kukodi ardhi umekwisha. Wakili wa serikali atasimama aseme ombi halijakamilika, na hapo kesi imekufa. Kamilisha kwanza. Kisha andika barua ya kudai uamuzi, utaje tarehe ya ombi, uhifadhi nakala yenye muhuri wa kupokelewa. Jaji atataka kuona kwamba ulidai na hukujibiwa. Simu ulizompigia karani hazitakusaidia.

Kuna jambo linalonitia shaka mpaka leo. Sheria ya Hatua za Kiutawala ya 2015 inakutaka umalize kwanza njia za rufaa zilizopo, na Jopo la Rufaa za Elimu lipo. Lakini jopo husikiliza rufaa dhidi ya maamuzi ya bodi. Bodi isiyoamua unaikatia rufaa kwa lipi? Mimi hujibu kwamba kifungu cha 7 cha sheria hiyo hiyo kinataja ucheleweshaji usio na sababu kuwa msingi wa kuja mahakamani. Hata hivyo sina hakika kila jaji atanikubalia, kwa hiyo huomba tangu mwanzo nisamehewe sharti la rufaa, chini ya kifungu cha 9(4).

Sheria hiyo ya 2015 inasema ombi lako la mahakamani liamuliwe ndani ya siku 90. Usizitegemee kupanga muhula. Na wakati kesi inaendelea, usipokee mwanafunzi hata mmoja: kifungu cha 76 cha sheria ya elimu kinakataza kufundisha bila usajili, na upande wa pili utapeleka picha za darasa lako mbele ya jaji.