Je, wajua kwa nini José Isbert aliwachekesha Wahispania bila kutafuta kicheko?

José Isbert, mwigizaji ambaye Wahispania humwita Pepe, alizaliwa Madrid mwaka 1886. Alikuwa mfupi, na sauti yake ilikwaruza kiasi kwamba ukiisikia mara moja huisahau. Alikulia kisanaa jukwaani, katika vikundi vya vichekesho vya Madrid. Mwaka 1912 aliingia katika filamu fupi bubu iliyoigiza mauaji ya waziri mkuu José Canalejas, naye akapewa nafasi ya muuaji. Lakini kazi zinazomfanya akumbukwe hadi leo alizifanya alipokwisha kuvuka miaka 65.

Kilichochekesha ni kwamba kila mhusika wake alitaka kitu kimoja kidogo, na alikitaka kwa dhati. Katika filamu ya Bienvenido, Mister Marshall (1953) ya mwongozaji Luis García Berlanga, yeye ni meya wa kijiji kinachosubiri misaada ya Wamarekani. Anasimama roshanini na kuwaambia wananchi kuwa, kama meya wao, ana deni la kuwapa maelezo, na deni hilo atalilipa. Halafu anaanza upya sentensi ileile. Mwigizaji mwenye pupa angeongeza mbwembwe kila anaporudia, na hapo mtazamaji angeona mtu anayeomba achekwe. Isbert anarudia kwa uzito uleule, kana kwamba safari hii maelezo yanakuja kweli.

El verdugo (1963), ya Berlanga pia, ndiyo kazi yake bora kwa maoni yetu. Anaigiza Amadeo, mnyongaji wa serikali anayekaribia kustaafu, ambaye chombo chake cha kazi ni pete ya chuma inayokazwa shingoni kwa skrubu. Amadeo anasahau mkoba wa zana zake katika gari la mazishi, kama fundi aliyesahau nyundo. Anatetea pete yake kuwa ina utu kuliko kiti cha umeme. Angelisema hayo kwa sauti ya kutisha, tungemchukia na filamu ingekufa. Anayasema kama babu anayesifia kazi aliyoizoea, ndiyo maana tunacheka kabla hatujagundua tunachekea nini.

Berlanga alipenda kupiga picha ndefu zisizokatwa, watu kadhaa wakizungumza kwa pamoja. Katika picha ya namna hiyo, mwigizaji anayesubiri zamu yake huonekana amesimama bure, na mhariri hana pa kumficha. Mmoja akikosea, wote wanaanza upya. Mtu wa jukwaani kama Isbert amezoea kuendelea kuishi pale mwenzake anaposema: ananung'unika, anashika kitu, anatafuta kiti. Nayo sauti ile ya kukwaruza ilipenya kelele za wote.

Kati ya filamu hizo mbili kuna El cochecito (1960) ya Marco Ferreri, ambamo Isbert ni mzee mwenye miguu mizima anayetamani kiti cha magurudumu chenye injini kwa sababu marafiki zake walemavu wanavyo, nao wanakwenda matembezini bila yeye. Isbert alifariki Madrid mwaka 1966. Binti yake, María Isbert, naye alikuwa mwigizaji wa vichekesho.