Nyota ya Burma kwenye sanduku la babu, na Lodi aliyekuwa bosi wake

Hapa makumbusho watu hutuletea medali ya rangi ya shaba yenye pembe 6, utepe wake bluu iliyokoza, katikati mstari mpana mwekundu na pembeni vimistari viwili vya rangi ya chungwa. Wanauliza hii ni ya nini, babu hakusema kitu, ilikuwa tu sandukuni chini ya kanzu. Hiyo ni nyota ya Burma, nchi ya Asia ambayo siku hizi inaitwa Myanmar. Maana yake babu alipelekwa kupigana na Mjapani, na kama alikuwa Keya, yani askari wa King's African Rifles (KAR), basi mkubwa wake wa juu kabisa kule alikuwa mwanamaji wa Kiingereza wa ukoo wa kifalme, Lodi Louis Mountbatten. Wengi hawamjui, au wanamjua kwa habari za India tu, kwa hiyo leo tumzungumzie.

Alizaliwa mwaka 1900 huko Windsor, mama wa bibi yake ni Malkia Victoria mwenyewe, kwa hiyo mlango wa kuanzia maisha aliukuta uko wazi. Ila asili ya baba yake ilikuwa Ujerumani, na baba huyo ndiye aliyekuwa mkuu wa jeshi la majini la Uingereza vita ya kwanza ilipoanza 1914. Watu wakapiga kelele eti Mjerumani anaongozaje manowari zetu, mzee akajiuzulu mwezi Oktoba mwaka huohuo. Mwaka 1917 mfalme akawaambia ndugu zake waache majina ya Kijerumani, Battenberg ikawa Mountbatten, yani "berg" ni mlima, wakaugeuza Kiingereza wakauweka mbele, basi. Kijana alikuwa na miaka 14 yuko shule ya wanamaji baba alipong'olewa, na lile jambo halikumtoka: kile kiti cha baba alikuja kukikalia mwenyewe mwaka 1955.

Sasa vita ya pili. Alipewa manowari mpya ya kasi, HMS Kelly, na hapa ndo utamjua vizuri kwa sababu jamaa alikuwa mtu wa haraka sana, anapenda mwendo, na meli yake ilikuwa na mikosi haijawahi kuonekana. Desemba 1939 iligonga bomu la kutegwa majini, Machi 1940 ikagongana na manowari nyingine ya Waingereza wenyewe, na Mei 1940 boti ya Wajerumani ikaitoboa kwa topido kwenye Bahari ya Kaskazini watu 27 wakafa. Ikavutwa karibu siku 4 huku imelala upande na ndege zinaishambulia mpaka ikafika kwao, ikatengenezwa, ikarudi kazini. Tarehe 23 Mei 1941 karibu na kisiwa cha Krete ndege za Kijerumani zikaipata ikiwa kwenye mwendo mkali inakata kona, ikapinduka hapohapo bado injini zinazunguka. Zaidi ya mabaharia 120 walikufa, yani karibu nusu ya waliokuwemo. Yeye aliponea chini ya maji akaogelea akatoka, manowari nyingine ikawaokoa. Mwaka uliofuata ikatoka filamu iliyotokana na habari za Kelly, na jina lake likazidi kupaa. Kwa maoni yangu kama nahodha hakuwa mwangalifu, ila watu wake walimpenda kweli.

Badala ya kushuka akapanda. Akapewa kusimamia mashambulizi ya kuvamia pwani za adui, na Agosti 1942 likaja la Dieppe, Ufaransa: wanajeshi kama 6,000, wengi wao Wakanada, wakashushwa ufukweni alfajiri na Wakanada zaidi ya 900 wakafa. Nani hasa alaumiwe wanahistoria wanabishana mpaka leo, ila jina lake halijawahi kutoka kwenye ule mjadala.

Mwaka 1943 akafanywa mkuu wa majeshi yote ya Washirika, yani Uingereza, Marekani na wenzao, kusini mashariki mwa Asia, na hapa ndo anakutana na babu zetu. Zamani mvua za masika zikianza kule Burma vita husimama, wote wanangoja. Mountbatten akasema hapana, tunapigana hata mvuani, na malaria, iliyokuwa inaangusha watu kuliko risasi, itabanwa kwa vidonge na kila kamanda ahakikishe askari wake wamemeza. Walioingizwa kwenye hayo matope mwaka 1944 ni pamoja na divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki, vijana wa Kenya, Uganda, Tanganyika na Nyasaland (Malawi ya leo), wakawafukuza Wajapani bonde la Kabaw, gari zinazama, mizigo inadondoshwa na ndege, mpaka Desemba wakafika mto Chindwin pale Kalewa. Haraka yake safari hii ilizaa, lakini miguu iliyotembea haikuwa ya kwake.

Na kuna ambao hawakufika kabisa. Februari 1944 meli ya Khedive Ismail iliondoka Mombasa kwenda Colombo, tarehe 12 nyambizi ya Kijapani ikaipiga na ikazama kwa dakika chache, karibu watu 1,300 wakapotea, wakiwemo wapiga mizinga wetu mamia. Wanakumbukwa kwenye mnara ulioko makaburi ya vita, Ngong Road, Nairobi.

Septemba 1945 akapokea Wajapani wakisalimu amri Singapore. Mwaka 1947 akatumwa India kukabidhi nchi kabla ya Juni 1948, yeye akavuta tarehe mpaka 15 Agosti 1947, mipaka ya India na Pakistan ikatangazwa siku 2 baada ya uhuru, na zaidi ya watu milioni 10 wakahama huku wanauana. Mwenyewe alikufa Agosti 1979 huko Ireland, IRA, kundi la Waireland lililopigana na utawala wa Waingereza, walitega bomu kwenye boti yake ya uvuvi, wakafa pia mjukuu wake wa miaka 14, kijana wa miaka 15 aliyekuwa anasaidia botini, na bibi wa miaka 83.

Turudi kwenye nyota. Usiisugue kwa mchanga wala dawa ya kung'arishia, na utepe usiufue. Halafu igeuze nyuma, nyingi utazikuta tupu, zilitolewa bila jina la askari. Kwa hiyo chukua karatasi uandike jina la babu, kijiji chake na chochote alichowahi kusimulia, uiweke pamoja nayo kabla hujaileta kwetu.