Hapana, Dublin nzima haikushika bunduki 1916

Ile meseji ya "mji mzima wa Dublin uliamka siku moja ukashika silaha" imerudi tena kwenye magrupu, na wengi wanaituma kwa nia njema tu. Inahusu Uasi wa Pasaka, wapiganaji wa Ireland walipojaribu kuung'oa utawala wa Uingereza hapo Dublin, mji mkuu wao. Ila haikuwa hivyo. Jumatatu ya Pasaka, 24 Aprili 1916, ilikuwa sikukuu, watu kibao walienda Fairyhouse kwenye mbio za farasi, wengine wanatembea zao tu, na walioshika silaha wiki ile hawakufika hata elfu mbili kwenye mji wa watu kama laki tatu. Familia nyingi zilibanana chumba kimoja, na kuna kina mama waliokuwa wanaishi kwa posho ya waume zao waliokuwa Vita vya Kwanza vya Dunia upande wa Uingereza, sasa hao wangeshangilia nini? Wapo waliowazomea wapiganaji walipokamatwa.

Hasira kwa Waingereza ilipanda Mei, walipowaua kwa risasi viongozi wa uasi, na hapo ndo tunapochanganya, tunachukua hisia za baadaye tunazipeleka siku ya kwanza.

Sensa ya Ireland ya 1911 ipo mtandaoni bure, angalia mwenyewe watu wangapi walilala vyumba vingapi. Meseji ikikufikia tena usiifowadi, na aliyeituma mwambie taratibu.