Rufaa Ikiwa Wazi, Usikimbilie Mapitio

Nchini Tanzania, walioshindwa katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya mara nyingi huingia Mahakama Kuu kwa mlango usio wao. Badala ya kukata rufaa, mtu anafungua maombi ya mapitio, yaani kuitaka mahakama ikague jalada la shauri, akilalamika kwamba mwenyekiti hakupima vizuri ushahidi wa mipaka. Upande wa pili unaweka pingamizi la awali, yaani hoja kwamba maombi hayo hayastahili hata kusikilizwa, maombi yanafutwa, na shamba lenyewe halijazungumzwa hata kidogo.

Kwa shauri lililoanzia kwenye baraza hilo, Sheria ya Mahakama za Migogoro ya Ardhi, Sura ya 216, inatoa siku 45 za kukata rufaa tangu tarehe ya uamuzi. Ubishi wa mipaka, wa shahidi gani aaminike, wa nani aliuziwa kwanza, wote mahali pake ni kwenye rufaa. Hata kasoro za utaratibu, mfano kunyimwa nafasi ya kuhoji shahidi, huingia humo kama sababu ya rufaa. Wengi hudhani kasoro ya aina hiyo lazima iende kwa mapitio, sivyo.

Katika mapitio, Mahakama Kuu huita jalada na kukagua kama kuna kosa zito lililopotosha haki. Mahakama ya Rufani ilishasema katika shauri la Halais Pro-Chemie dhidi ya Wella A.G. (1996) kwamba njia hii si mbadala wa rufaa. Inafaa pale rufaa isipokuwepo, au inapozibwa na mwenendo wa mahakama, au pakiwa na mazingira ya kipekee. Kuishiwa siku si mazingira ya kipekee.

Anayehitaji mapitio kweli ni mtu wa nje ya shauri. Ndugu wawili wameshtakiana, uamuzi ukakumba na kipande cha shangazi yao ambaye hakuwahi kuitwa barazani. Shangazi hawezi kukata rufaa kwa kuwa hakuwa mdaawa, yaani upande katika shauri; yeye mapitio ni yake.

Kama uamuzi ulitolewa upande mmoja bila wewe kuwepo, rudi kwanza baraza hilohilo ndani ya siku 30 kuomba utenguliwe.

Ubaya wa kukosea njia ni siku. Maombi yakifutwa unaweza kuanza upya, ila 45 zimeshapita, na sasa unaomba kuongezewa muda. Hapo utatakiwa kueleza kila siku uliyochelewa, na "sikujua sheria" haipokelewi. Kwa hiyo omba nakala ya hukumu kwa barua mara tu inaposomwa, ugongewe muhuri wa mapokezi kwenye nakala yako. Muda wa kusubiri nakala hauhesabiwi, lakini lazima tarehe zionekane: ya kuomba na ya kupewa.

Rufaa pekee haizuii utekelezaji. Maombi ya kuusimamisha hufunguliwa kando. Bila hayo, dalali wa mahakama anaweza kufika shambani rufaa ikiwa bado haijasikilizwa.